Lori la Agosti

Mwezi wa Agosti bonde zima la mto Ave, kaskazini mwa Ureno, hufunga milango. Mitambo ya kufumia huzimwa, makoti ya kazi hupelekwa nyumbani kufuliwa, na wafumaji pamoja na jamaa zao hubeba miavuli na masufuria hadi pwani ya Póvoa, wakalale mchangani na kuulalamikia upepo. Waliohamia Ufaransa nao hurudi na magari yanayong'aa, na kila jioni hapakosi sardini za kuchoma na mtu wa kubishana naye. Ndivyo ilivyo miaka nenda miaka rudi.

Mwaka huu Deolinda Freitas hakwenda pwani. Binti yake alimbembeleza, akamwambia chumba kimeshapangwa na wajukuu wanamngoja, lakini yeye akasingizia goti. Goti lilikuwa zima kabisa. Alichotaka ni kukaa kwenye dirisha la jikoni kwake, linalotazamana na lango la kiwanda cha taulo anakofanya kazi, na kulilinda lango hilo kwa macho mpaka likizo iishe.

Sababu alikuwa nayo. Zamani, akiwa bado na mtoto mchanga, alifanya kazi katika kiwanda cha mashati ng'ambo ya mto. Kilifungwa Agosti kama vingine vyote, mwenye mali akawatakia likizo njema na kuwabusu mashavuni, hata wale waliokuwa hawataki. Waliporudi Septemba walikuta ukumbi mtupu. Cherehani zilikuwa zimekwenda, taa za darini zimekwenda, na sakafuni palibaki madoa ya mafuta tu, kila doa pale ilipokuwa mashine. Mwenye mali hakuonekana tena. Na wala mambo hayo hayakuwa ya kiwanda kimoja. Muulize mtu yeyote bondeni, atakusimulia Agosti yake. Aliyeumwa na nyoka akiona ung'ongo hushtuka, na bonde hilo limeumwa sana.

Dalili nazo hazikukosekana. Kiwanda chao watu walikiita kwa Mzee Libório, ingawa Libório alishakufa na mwenye nacho sasa ni mwanawe, Adérito. Enzi za Libório taulo zilitoka kwa malori, zikaenda kukausha migongo ya wageni katika hoteli za Ulaya nzima. Kisha zikaja taulo za Pakistani na Uturuki, taulo nzuri tu, tusidanganyane, kwa bei ambayo hapa haitoshi hata kununua pamba yake. Kisha bei ya gesi ikapanda, na kutia rangi ni kuchemsha maji, na maji hayachemki kwa maombi. Adérito akaifunga idara ya rangi. Baadaye akaifuta zamu ya usiku. Tangu Pasaka akawa haingii ukumbini, anapita mlango wa nyuma kama mkwe aliyekosana na mama mkwe. Siku ya kufunga aliwatakia likizo njema huku akitazama viatu vyake. Deolinda akaviangalia viatu hivyo, akaona havina cha kutazamwa kiasi hicho, akaghairi pwani papo hapo.

Alikuwa na miaka hamsini na minane, umri mbaya kuliko yote kwa mfumaji: pensheni bado, na kazi nyingine hakuna atakayekupa. Kiwanda kikifa, na yeye ndiyo basi. Hilo hakuhitaji kuelezwa na mtu.

Asubuhi ya Jumanne moja alikuwa akimenya viazi vya supu alipoliona lori. Lilikuwa refu, lina kreni mgongoni na namba za Hispania, na aliyelifungulia lango hakuwa mlinzi bali Adérito mwenyewe, kwa mikono yake. Deolinda akakiacha kisu kwenye beseni.

"Celeste! We Celeste! Toka nje, wamekuja!"

Celeste, jirani yake na mfumaji mwenzake wa safu moja, akatokeza mlangoni na mfuko wa plastiki kichwani. Alikuwa amejipaka dawa ya kugeuza mvi.

"Wamekuja akina nani?"

"Lori."

Celeste hakuuliza lori gani. "Nikaoshe kichwa kwanza?"

"Osha, wakimaliza kupakia utakuja kuwapungia mkono."

Celeste akatoka hivyo hivyo na kiti cha jikoni mkononi, akaenda kukiweka katikati ya lango. Deolinda akakimbilia kanisani. Mzee Abílio, mtunza kanisa, alikuwa akifagia ngazi.

"Piga kengele, Abílio. Ile ya moto."

"Moto uko wapi?"

"Kwa Libório. Wanahamisha mitambo."

Abílio akaegemea fagio. "Kengele siku hizi ya umeme, Deolinda. Padri katuwekea vitufe. Kipo cha misa, kipo cha harusi, kipo cha msiba. Cha lori hakipo."

"Basi nionyeshe ngazi ya juu."

"Utavunjika shingo, mama."

"Nikivunjika, bonyeza cha msiba."

Akapanda mnarani kwa goti lake lisilouma, akaushika ulimi wa kengele kwa mikono miwili na kuupiga ovyo, bila mpangilio, mpaka meno yakamtetemeka. Pale kijijini kengele isiyo na mpangilio kila mtu anaijua: ama nyumba inaungua, ama kiwanda kinaibwa, na kwa vyote viwili unatoka na ulichovaa. Watu wakatoka. Wengine walikuja na taulo za kuogea shingoni, wengine na vijiko vya kupikia. Walioko pwani wakapigiwa simu, wakaingia garini na mchanga wao miguuni. Jamaa mmoja wa Ufaransa akaliegesha gari lake jipya mbele ya lori kwa ushujaa mkubwa, kisha akatazama ukubwa wa lori, akaenda kulisogeza.

Walipofika, lori lilikuwa limeshapakiwa na kufunikwa turubai, pua yake imefika langoni. Mbele yake, kwenye lami, walikaa wafumaji, wengine vitini, wengine chini. Marisa, mtoto wa ubatizo wa Deolinda, alifika kutoka mtoni na nywele zinazochuruzika, akajibwaga pembeni yake. Marisa alikuwa na mtoto mdogo, mume hana, na mkopo wa nyumba aliouita mume. Dereva, Mhispania mnene asiye na haraka, akazima injini, akatoa mkate na soseji, akaanza kula. Kwake yeye siku ni siku.

Adérito akaja mbio kutoka ndani. Alikuwa amevaa kaptura na ndala.

"Nani amekufa?" aliuliza, maana kengele alikuwa ameisikia.

"Bado hatujajua," Celeste akamjibu kutoka kitini. "Tunangoja utuambie."

"Jamani, sivyo mnavyofikiri."

"Wote husema hivyo, bosi. Yule wa mashati alisema hivyo na busu juu."

"Nauza nusu. Nusu inabaki. Septemba tunafungua kama kawaida."

"Septemba ya mwaka gani?" mtu akauliza, na watu wakacheka, kicheko kisicho na raha.

"Ningekuwa natoroka," Adérito akapaza sauti, akajionyesha kaptura yake, "ningevaa hivi?"

"Ndivyo wanavyovaa wanaokimbilia Brazili," Celeste akasema.

Adérito akajifuta uso. Hakuwa mtu wa kusimama mbele ya watu, hilo baba yake alilisema hadi anakufa. "Basi aingie mmoja wenu aone kwa macho yake. Mmoja tu. Akitoka akisema nadanganya, napakua lori hapa hapa mbele yenu."

Watu wote wakamgeukia Deolinda.

"Umelikoroga mwenyewe," Celeste akamwambia, "kalinywe."

Ndani kulikuwa kimya. Deolinda alikuwa ameingia ukumbi ule miaka mingi, na sikuzote kelele ndiyo iliyompokea mlangoni; kimya hicho hakukipenda. Upande wa kulia, kwenye safu za zamani, palikuwa wazi, na sakafuni madoa ya mafuta yamejipanga. Lakini upande wa kushoto mitambo mipya ilikuwa bado imekazwa sakafuni, na juu yake nyuzi zimetandwa, nyeupe na za rangi ya mchanga, zimenyooshwa tayari kwa kufuma. Akasogea akazigusa. Zilikuwa za pamba na kitani, na zilitandwa karibuni, maana hazikuwa na vumbi. Mtu anayetoroka hatandi nyuzi mpya.

"Za nani hizi?"

"Za hoteli ndogo ndogo za Ujerumani," Adérito akasema nyuma yake. "Wanataka zile za vitundu kama sega la nyuki, nzito, tena chache chache. Huko Pakistani hakuna atakayewasha mtambo kwa oda kama hiyo. Ndiyo kazi iliyobaki, Deolinda. Ipo, na si mbaya. Ila haitulishi wote. Inalisha nusu."

"Na hiyo nyingine?"

"Ile mitambo ya zamani inakula umeme na haina cha kufuma. Watu wa Moroko wanaitaka, lori la Hispania linawapelekea tu. Wakiichukua, nina gesi ya majira ya baridi, na watakaoondoka wanapata kiinua mgongo chao chote mkononi, siyo kama wale wa mashati. Wasipoichukua leo wanakwenda kununua kwingine. Bonde limejaa mitambo inayouzwa, unajua."

Alijua. Alikuwa akimsikiliza huku akitembea, na miguu ikampeleka penyewe, kwenye safu ya ukutani, mahali alipozoea kusimama. Palikuwa na madoa ya mafuta na ndoo moja, na ndani ya ndoo skrubu kubwa zilizofunguliwa.

"Na mimi?" akauliza.

Adérito akatazama ndala zake.

"Usiitazame miguu, umeitazama vya kutosha. Nitazame mimi. Na mimi je?"

"Mitambo mipya ni ya Marisa na wenzake, wale waliosomea kompyuta yake. Safu yako ndiyo inayoondoka. Wewe, Celeste, Graça... safu yote."

"Ungeniambia lini?"

"Septemba."

"Langoni? Nimeshavaa koti?"

Adérito akaisogeza ndoo kwa mguu.

"Kwa nini Agosti, Adérito?" Neno bosi lilikuwa limempotea kinywani lenyewe na hakulitafuta. "Ungetuita mwezi wa Mei, mchana kweupe, ukatwambia haya haya. Tungekutukana wiki nzima, na wiki ya pili tungekusaidia kufungua skrubu. Sasa unafanya jambo la halali kwa mwezi wa wezi. Ulitaka tufikirie nini?"

"Sikuweza kuwatazama," Adérito akasema. "Nilitaka mrudi mkute yameshakwisha. Nilidhani mtaiona nusu iliyobaki."

"Na sisi tunaoondoka tungeona nini?"

Adérito akaigeukia ile nusu tupu. Alikuwa mtu wa miaka hamsini aliyesimama na kaptura katikati ya kiwanda cha baba yake, macho yamemwiva, na Deolinda akamhurumia. Huruma hiyo ikamwongezea hasira. Angependa zaidi kumkuta mwizi. Mwizi unamtukana ukalala usingizi wako.

Akageuka kuelekea nje. Ukumbi ni mrefu, na njiani shetani alipata nafasi ya kusema naye. Akitoka na kusema neno moja tu, "uongo", wale wanawake watakaa pale mpaka watu wa Moroko wachoke. Lori litapakuliwa, gesi itakosekana, na kabla ya Krismasi wote watakuwa foleni moja katika ofisi ya wasio na kazi, yeye na Celeste na Marisa na vijana wa kompyuta. Kifo cha wengi harusi. Hakuna atakayemlaumu, na hatakuwa peke yake. Alilifikiria jambo hilo sawasawa, hakulifukuza, kwa sababu lilikuwa na utamu wake. Kisha akakumbuka zile nyuzi zilivyonyooka chini ya kidole chake, na akajua hataweza kulisema.

Langoni watu wakasimama nusu nusu kumlaki.

"Haya, kweli au uongo?"

"Kweli," Deolinda akasema. "Nusu inabaki. Nyuzi zimeshatandwa, nimezishika kwa mkono wangu. Septemba wanafungua."

Watu wakashusha pumzi. Mtu akapiga makofi. Celeste, ambaye alimjua Deolinda kuliko dada yake wa tumbo moja, hakupiga.

"Wanafungua," Celeste akarudia. "Wanafungua akina nani?"

"Hilo atalisema mwenyewe." Deolinda akamgeukia Adérito, aliyekuwa amejibanza kwenye nguzo ya lango. "Njoo hapa mbele. Nani anaondoka, utamtaja kwa jina, sasa hivi, kwa mdomo wako. Septemba ni mbali."

Adérito akaja mbele. Alimeza mate, akaangalia chini, kisha akakumbuka na kuinua macho.

"Deolinda Freitas," akasema.

Aliyekuwa akipiga makofi akaificha mikono yake.

"Celeste Novais. Graça Lemos." Akaendelea, jina baada ya jina, safu yote ya ukutani, na kila jina lilipotajwa mwenyewe aliitikia kwa kichwa, kama wanafunzi wanavyoitwa darasani. Hakukosea hata moja. Alipomaliza alisema, "Nisameheni," kwa sauti ambayo waliokaa nyuma hawakuisikia.

Hakuna aliyeinuka. Jambo lilikuwa wazi sasa, lori lina haki ya kupita, na hakuna aliyeinuka. Waliotajwa hawakuwa na sababu ya kuinuka. Na wasiotajwa, ambao kazi yao ilikuwa inangoja lori hilo litoke, waliona haya kuwa wa kwanza. Wakakaa wanatazama lami. Dereva akamaliza mkate wake, akatia mikono mfukoni kutafuta sigara.

"Mimi siinuki," Celeste akasema. "Apite juu yangu. Nimekaa na dawa hii kichwani asubuhi nzima, nywele zitang'oka zote, na kazi nayo ndiyo hiyo. Siinuki."

"Na mimi siinuki," Marisa akasema.

"Wewe inuka," Deolinda akamwambia. "Wewe hujatajwa."

"Ndiyo maana siinuki. Ukikaa wewe, mama, na mimi nakaa. Nani alinifundisha kufunga fundo? Nilikuja hapa sijui hata kushika uzi. Nikasimame mle ndani, wewe uko nyumbani? Nitakutazamaje kanisani?"

"Utanitazama kwa macho, kama siku zote."

"Siwezi."

"Marisa, mwanangu, nisikilize." Deolinda akachuchumaa mbele yake, na sasa goti lilimuuma kweli. "Tukikaa wote, mwezi wa Desemba wote tuko nyumbani. Na hapo nani atakuja jioni kunisimulia mabaya ya bosi? Nitaishi kwa kutazama televisheni? Nataka umbea wa kiwandani mimi, na umbea unataka kiwanda."

Marisa akacheka na kulia kwa pamoja, akajifuta kwa kiganja. Lakini hakuinuka, na Deolinda akaelewa kwamba hata akimbembeleza hadi jioni hatainuka, wala wenzake hawatainuka. Mwenye kazi hawezi kumwambia asiye na kazi, nipishe. Lazima watangulie wale wanaopoteza.

Akasimama. Akaenda mpaka kwenye kiti cha Celeste, akamnyooshea mkono.

"Usiniguse," Celeste akasema.

"Twende ukaoshe kichwa."

"Kwa hiyo ndiyo basi? Miaka yote ile, ndiyo hivi tu?"

"Ndiyo hivi tu," Deolinda akasema. Alitamani kuwa na neno zuri zaidi la kumpa shoga yake, akalitafuta, hakulipata.

Celeste akafuta dawa ya nywele iliyokuwa ikimtiririka nyuma ya sikio. Kisha akaushika ule mkono. Alipoinuka, Graça akainuka, na baada yao safu yote ya ukutani, mmoja mmoja, wakikunja viti vyao. Ndipo waliobaki nao wakainuka, Marisa wa mwisho, na njia ikawa nyeupe.

Dereva akawasha injini. Lango lilijengwa enzi za mikokoteni ya ng'ombe, na nje yake kuna kona kali yenye ukuta wa mawe kila upande. Adérito akajitia kumwongoza, akawa anapunga mikono miwili kama anayefukuza kuku, na lori likaenda mbele, likarudi, likaukwaruza ukuta, likasimama. Mhispania akatoa kichwa dirishani na kutukana kwa lugha yake. Waliokuwa wakiondoka wakageuka kutazama.

Deolinda akarudi. Akamshika Adérito mkono, akamsogeza pembeni kama unavyosogeza kiti, akaenda kusimama mbele ya lori mahali ambapo dereva angemwona. Turubai lilikuwa limejikunja upande mmoja, na pale aliweza kuona chuma cha kijani, kilichong'aa mahali ambapo mkono wake ulikuwa ukishika kila siku. Aliinua mkono huo huo.

"Njoo," akamwambia dereva. "Njoo. Kata kushoto. Polepole, kuna ukuta. Njoo, njoo, bado kidogo... haya. Umepita. Nenda."